Kwa nini washairi wa Armenia wanamsifu mwalimu kuliko mfalme?

#1 Mzaliwa_Wete
Salamu kwenu wote.

Niko Sharjah mwaka wa sita, nauza vipuri vya magari. Mwenzangu wa kaunta ni Muarmenia wa Lebanon. Juzi tarehe 5 Oktoba, Siku ya Walimu, simu yake haikupumzika. Watoto wake, wapwa zake, shangazi yake aliyeko Ufaransa, wote wanatumiana mashairi ya kumsifu mwalimu. Nikamtania: nyie hamna wafalme wa kuwasifia? Akanijibu huku anaandika risiti: "Mfalme wetu wa mwisho aliondolewa mwaka 1375. Mwalimu wetu yuko kazini tangu 405."

Huyo mwalimu anaitwa Mesrop Mashtots. Ndiye aliyewatengenezea herufi zao 38, kanisa likamfanya mtakatifu. Ndilo taifa pekee duniani lililompa mwalimu wa alfabeti utakatifu. Kuna mshairi wao mkubwa, Paruyr Sevak, kamtungia utenzi mzima, unaitwa Mnara wa Kengele Usionyamazishika.

Maswali yangu mawili. Kwa nini wao? Sisi tunamsalimia mwalimu shikamoo halafu basi. Na la pili, mwalimu wangu wa darasa la pili anastaafu Desemba, nataka kumpelekea beti moja kwenye kadi, yenye harufu ya hayo mashairi. Nisaidieni.

#2 Bakora_Sita
Kwa sababu hawakufundishwa na yule aliyenifundisha mimi hesabu.

#3 Kitabu_Chakavu
Uzi mzuri, ila umeingia na makosa, nayang'oa kabla hayajaota mizizi.

Mashtots alitengeneza herufi 36. Mbili, ile ya o na ile ya f, ziliongezwa Zama za Kati. Mnara wa Kengele wa Sevak, wa mwaka 1959, haumhusu Mashtots. Unamhusu Komitas, mkusanyaji wa nyimbo za vijijini, aliyekamatwa Istanbul 24 Aprili 1915, mwanzo wa mauaji ya kimbari ya Waarmenia chini ya dola ya Waturuki wa Ottoman, akarudi hai lakini akili haikurudi naye. Alifia Paris mwaka 1935. Mashtots ana shairi lake jingine la huyohuyo Sevak, na jina lake limewekwa kwa mlio wa vitabu vya kale: "Na mtu mmoja, jina lake Mashtots".

Na "taifa pekee" futa. Waslavi wana Cyril na Methodius, sikukuu yao 24 Mei.

#4 Mzaliwa_Wete
Asante mkuu, nimekubali. Nilichanganya kwa sababu jamaa alisema "mwalimu" kwa wote wawili. Komitas anamwita Komitas Vardapet, na vardapet nikauliza maana yake, akasema mwalimu.

#5 Kitabu_Chakavu
Hapo hakukudanganya. Vardapet ni padri msomi mwenye ruhusa ya kufundisha, anapewa na fimbo yake. Cheo cha kanisa na cheo cha darasani vimelala kitanda kimoja. Wakatoliki wa humu watakumbuka Papa Francis mwaka 2015 alimtangaza Grigor wa Narek kuwa "Mwalimu wa Kanisa". Huyo ni mshairi wa Kiarmenia wa karne ya 10, mtawa, aliyefundisha na kuandika sura 95 za maombolezo kwa Mungu. Kwa hiyo mshairi, padri na mwalimu ni mtu mmoja. Ukimsifu mmoja umewasifu watatu.

#6 MwlMstaafu
Nimefundisha miaka 34, Kiswahili na Historia, niruhusuni kuharibu sherehe.

Jibu ni jepesi mno. Waliotunga walikuwa walimu wenyewe! Nani atasifu ugali kama si mpishi?

Tazameni orodha. Khachatur Abovian, anayehesabiwa baba wa fasihi yao mpya, alikuwa msimamizi wa shule Tiflis, ndiyo Tbilisi ya leo huko Jojia, kisha Yerevan, mji mkuu wa Armenia ya leo. Smbat Shahaziz, mshairi, alifundisha Taasisi ya Lazarian kule Moscow miaka 35. Raphael Patkanian alikuwa na shule yake, na baba yake mwalimu kabla yake. Ghazaros Aghayan ndiye aliyeandika kitabu cha kujifunzia kusoma, na mtoto akimaliza herufi anakutana na mashairi ya Aghayan huyohuyo. Daniel Varoujan, mkuu wa shule Istanbul. Hata Hovhannes Tumanyan, ambaye hakuwa mtu wa chaki, alikaa na wenzake wawili mwaka 1907 wakatunga vitabu vya shule vilivyoitwa Mleta Nuru.

Huyu Abovian ndiye wa kwangu. Alisoma Dorpat, chuo cha Wajerumani kwenye himaya ya Urusi, akarudi na mawazo makubwa. Wanafunzi wake wakamwonyesha kitu kinachomuuma kila mwalimu: vitabu vya Kiarmenia vilikuwa vinawachosha. Lugha ya vitabuni ilikuwa ya karne ya 5, ya nyumbani ni nyingine kabisa. Ameeleza mwenyewe kwenye dibaji ya riwaya yake. Basi akaandika kwa lugha ya kijijini kwake Kanaker, lugha ya bibi zao wale wanafunzi. Aliimaliza mwaka 1841, haikuchapwa mpaka 1858, na yeye mwenyewe hakuiona. Asubuhi moja ya Aprili 1848 alitoka nyumbani, hakurudi mpaka leo.

#7 Ticha_wa_Kisumu
Hakurudi vipi? Alienda wapi?

#8 MwlMstaafu
Wapo wanaosema serikali ya Tsar ilimpeleka Siberia, wapo wanaosema aliuawa, wapo wanaosema alichoka na maisha. Hakuna aliyeleta ushahidi. Miaka 38 au 39 alikuwa nayo.

#9 Bakora_Sita
Mwalimu asiyerudi darasani. Ndoto yangu ya darasa la sita hiyo.

#10 Mzee_wa_Kharkov
Vijana mnaenda karne ya 5 kutafuta jambo la juzi.

Nilisoma uhandisi Kharkov miaka ya themanini, enzi za Wasovieti. Chumba kimoja na Muarmenia wa Leninakan, mji wa Armenia unaoitwa Gyumri leo. Siku ya Walimu ilikuwa Jumapili ya kwanza ya Oktoba, iliwekwa na serikali mwaka 1965, na kila mtoto kuanzia Estonia mpaka Uzbekistan alisimama na maua akaghani shairi kwa mwalimu. Septemba mosi vilevile, mji mzima maua. Si Waarmenia peke yao. Mtoto akighani miaka kumi, akiwa mkubwa ataona amezaliwa nalo. Kumbe ni ratiba ya wizara.

#11 Mzaliwa_Wete
Mzee shikamoo. Lakini huyu wangu ni wa Beirut. Babu zake walifika Lebanon kwa miguu, hakuna Msovieti aliyemfundisha kitu. Tena wao mwalimu wanamwita *varzhabed*, anasema wale wa Yerevan wanalitamka *varzhapet*, na siku hizi wanapenda zaidi neno jingine, *usutsich*. Kama ni ratiba ya wizara, ya Beirut ni wizara gani?

#12 Mzee_wa_Kharkov
Marahaba. Hapo umenibana. Nitarudi.

#13 Binti_Shela
Hodi jamani. Nimewahi kufanya kazi ya kupiga picha miswada ya kale, yetu ya Lamu, na kwenye mafunzo tulionyeshwa miswada ya watu wengine, Waarmenia wakiwemo. Kitu kilichonishika ni kurasa zao za mwisho.

Mwandishi akimaliza kunakili, Injili au kitabu cha tiba, haondoki hivihivi. Anaandika ukumbusho: mimi fulani, mwenye dhambi, nimenakili mahali fulani, mwaka fulani, vita fulani ikiwa mlangoni, wino umeganda kwa baridi. Halafu anamtaja aliyemfundisha, anamwomba msomaji amwombee mwalimu wake rehema. Pengine kwa nathari, pengine kwa beti. Wamefanya hivyo karne kwa karne. Kwa hiyo mashairi ya kumsifu mwalimu yalianzia nyuma ya kitabu, kwenye nafasi iliyobaki. Shule za kisasa zimeyahamishia mbele tu.

Na hili sisi tunalijua. Fungua utenzi wowote wa zamani, nenda mwisho: mtunzi anajitaja, anataja mwaka wa Hijra, anaomba msamaha wa makosa, anaomba dua. Tofauti ni kwamba wetu anawataja zaidi wazee wake waliomzaa, na wao wanamtaja zaidi aliyemfundisha. Kwa nini, ndilo swali la mwenye uzi.

#14 Ticha_wa_Kisumu
Dada umeniamsha. Ila mimi ninayelipwa kwa chaki nina jibu la kimaskini zaidi: shairi ni bei nafuu kuliko mshahara. Mahali popote pale mwalimu anaposifiwa sana, angalia hati yake ya malipo. Daktari nani anamtungia ngonjera?

#15 MwlMstaafu
Naunga mkono na miguu.

#16 Kijiko
Mnazungumza kama Waarmenia wote walikuwa wanalia machozi ya shukrani. Someni nathari yao. Raffi, mwandishi wa riwaya wa karne ya 19, ana riwaya inaitwa Cheche. Mle kuna padri mwenye shule, Ter-Todik, na shule yake ni jehanamu ndogo: watoto wanachapwa, wanatumikishwa kazi za nyumbani kwake, na miaka inapita hawajui kusoma. Na Raffi mwenyewe alifundisha, Tabriz na Agulis. Kwa hiyo nadharia ya MwlMstaafu kwamba wapishi wanajisifia ugali ina tobo hapo. Huyu mpishi ameutia mchanga.

Kwenye shairi mwalimu ni malaika, kwenye riwaya ni mchapaji. Ukitaka ukweli wa shule usimwulize mshairi.

#17 Bakora_Sita
SASA tunazungumza. Walikuwa wanawachapa na nini?

#18 Kijiko
Nyayo. Miguu inafungwa kwenye ubao, inainuliwa juu, anachapwa nyayo. Wanaita falakha au falakhka.

#19 Binti_Shela
Falaka! Neno letu hilohilo! Marehemu babu alikuwa nayo, imetundikwa ukutani kwenye chuo chake cha Kurani, na kamba yake. Sikuwahi kuiona ikitumika lakini tulikuwa tunasoma huku jicho moja liko ukutani.

#20 Bakora_Sita
Mimi niliiona ikitumika. Nilikuwa ndani yake. Tusiendelee.

#21 Mzaliwa_Wete
😂 Pole ndugu yangu. Sasa najua jina lako lilitoka wapi.

#22 Sheha_Mstarabu
Wadau mbona hamgusi jambo kubwa? Herufi za Waarmenia zimechukuliwa Ethiopia. Weka Kigeʼez na Kiarmenia pamoja, utaona zinafanana wazi. Afrika ndiyo iliyomfundisha huyo mwalimu wenu.

#23 Kitabu_Chakavu
Hoja hii ipo na wasomi wamewahi kuizungumza, haujaitunga. Baadhi ya maumbo yanafanana kweli. Lakini tazama mpangilio: herufi za Kiarmenia zimefuata mstari wa Kigiriki, alfa beta gama, na sauti ambazo Wagiriki hawana zimechomekwa katikati. Tena irabu zina herufi zake, wakati Kigeʼez kinabadili umbo la konsonanti yenyewe.

Na tuna shahidi. Koryun, mwanafunzi wa Mashtots, aliandika maisha ya mwalimu wake muda mfupi baada ya kifo chake mwaka 440. Anaeleza safari ya kwenda Mesopotamia na Shamu, na jinsi mwandishi wa Kigiriki mjini Samosata alivyosaidia kuyanyoosha maumbo ya herufi. Ethiopia hajaitaja.

Angalieni kitu hapa: kitabu cha kwanza walichojitungia wenyewe kwa herufi hizo, kwa kauli ya wengi, ni mwanafunzi anamwandikia mwalimu wake. Mbele ya Matenadaran, maktaba ya miswada ya Yerevan, ipo sanamu yao wawili, Mashtots ameketi, Koryun amepiga goti. Na sentensi ya kwanza kutafsiriwa ni Mithali 1:2. Fungueni Biblia zenu: "Kujua hekima na adabu, kutambua maneno ya ufahamu." Sentensi ya kwanza ya taifa inahusu kufundishwa. Baada ya hapo utamsifu nani?

#24 Sheha_Mstarabu
Koryun hakuitaja haina maana haikuwepo. Lakini sawa, nimesikia.

#25 Nyota_Minnesota
Kama ni Ethiopia, kisa cha kweli kipo, ila ni cha 1924. Ras Tafari, Haile Selassie wa baadaye, aliwakuta Jerusalem vijana 40 yatima wa Kiarmenia wanapiga tarumbeta, akawachukua Addis Ababa wawe bendi ya dola. Mwalimu wao wa muziki, Kevork Nalbandian, ndiye aliyetunga wimbo wa taifa wa Ethiopia ya wafalme. Kwa hiyo hapo mkono umetoka kwao kuja kwetu.

#26 Ticha_wa_Kisumu
Haya, tumefika Addis, tukiendelea hivi kesho tuko Moyale. Turudi kwenye ushairi.

#27 Mzaliwa_Wete
Nimerudi kutoka kazini. Nimemwonyesha jamaa uzi, nikawa namtafsiria, amecheka sana penye ugali. Halafu akanyamaza kidogo akasema: hao wote wamesahau kwamba walimu waliuawa.

Akanihadithia habari za Daniel Varoujan aliyetajwa #6. Mtoto wa kijiji karibu na Sivas, Uturuki ya leo, aliyezaliwa 1884. Akasomeshwa na watawa wa Kiarmenia wa Venice, akaenda chuo kikuu Ghent, Ubelgiji. Angeweza kubaki. Mwaka 1909 akarudi kufundisha mkoani kwao, kisha 1912 akawa mkuu wa shule Istanbul. Usiku wa 24 Aprili 1915 alichukuliwa pamoja na mamia ya wasomi, Agosti wakamuua. Miaka 31. Alikuwa anaandika kitabu cha mashairi, Wimbo wa Mkate. Polisi waliuchukua mswada, ukakombolewa baadaye, ukachapwa 1921.

Jamaa anasema: mle ndani hakuna vita wala kulalamika. Kuna jembe, mpanzi, ngano mbichi, ngano iliyoiva, kinu. Na shairi moja la kubariki mashamba, anageukia pande nne za dunia, mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, kila upande anauombea jema lake. Wanafunzi Beirut wanalijua kwa moyo. Anasema mpanzi wa mle ni mwalimu.

#28 Kijiko
Ngano ni ngano. Mtu kaandika kuhusu kilimo, mwacheni alime. Siku hizi kila mpanzi ni mwalimu, kila taa ni mwalimu, kila mshumaa ni mwalimu. Huo ndio ugonjwa wa mashairi ya Siku ya Walimu duniani kote.

#29 Binti_Shela
Kijiko, mtu aliyefundisha mchana akaandika usiku hawezi kuziacha fikra zake mlangoni. Na mfano wa mpanzi na mbegu uko kwenye Injili, mfano wa kufundisha kabisa, naye alikulia kwa watawa.

#30 Kijiko
Babake Varoujan na watu wa kijiji chake walikula ngano. Nimemaliza.

#31 MwlMstaafu
Mimi niko na Kijiko, kwa shingo upande. Ila hili la 1915 linanifanya niilegeze nadharia yangu. Mpishi anayejisifia ugali ni kichekesho. Mpishi aliyeuawa, halafu waliokula ndio wanausifia, hicho si kichekesho tena.

Na nirudi kwa Komitas, kwa sababu mwenye uzi alikosea jina lakini hakukosea mada. Komitas alikuwa yatima. Mwaka 1881 alipelekwa Etchmiadzin, makao makuu ya kanisa lao, kwa sababu ya sauti yake. Patriarki akamsemesha Kiarmenia, mtoto akajibu kwa Kituruki kwamba lugha hiyo haijui. Akaimba wimbo wa kanisa wa Kiarmenia bila kuelewa neno, na mzee yule akalia. Shule ndiyo iliyompa lugha. Baadaye akafundisha muziki palepale, na huko Istanbul akaacha wanafunzi watano wanaotajwa mpaka leo kama kundi. Sevak alipotunga ule Mnara wa Kengele alikuwa anatunga habari za mtoto aliyefundishwa lugha yake na walimu. Kwa hiyo ni utenzi wa mwalimu, hata kama Kitabu_Chakavu hatataka.

#32 Kitabu_Chakavu
Sijakataa. Nimesema si wa Mashtots.

#33 Nyota_Minnesota
Hapa ndipo penye jibu langu mimi. Jumamosi nafundisha watoto wetu Kiswahili kwenye chumba cha kuazima, watoto kumi na mmoja, wanane wanataka kwenda kucheza mpira. Chumba cha pili wako Waarmenia na wao na watoto wao. Mwalimu wao amebandika mlangoni shairi la Silva Kaputikyan, mama anamwambia mwanawe: popote utakapokwenda, hata ukimsahau mama yako, usiisahau lugha yake. Nikamwambia na sisi tunalo, Shaaban Robert na titi la mama. Akaniomba nimwandikie. Sasa milango miwili ina karatasi mbili.

Ninachotaka kusema: nyumbani Tanzania mtoto hajifunzi Kiswahili kwa mwalimu, anakiokota uani. Huku mwalimu asipokuja Jumamosi lugha inakufa Jumapili. Waarmenia wameishi hivyo mamia ya miaka, hata kwenye ardhi yao. Ndiyo maana wanamsifu. Hofu hiyo.

#34 Sheha_Mstarabu
Lakini Wayahudi nao, Wakurdi nao. Mbona hatuambiwi habari za mashairi yao ya walimu?

#35 Ticha_wa_Kisumu
Kwa sababu mwenye uzi hana mwenzake wa kaunta Mkurdi.

#36 Mzee_wa_Kharkov
Nimerudi kama nilivyoahidi. Nimepekua daftari langu la Kharkov. Yule mwenzangu wa chumba alikuwa anaimba Sayat-Nova akifua soksi. Huyu ni mwimbaji wa karne ya 18 wa Tiflis, fundi wa kamancha, ala ya nyuzi, alitunga kwa Kiarmenia, Kijojia na Kiazeri. Sevak wenu huyo alifanya utafiti wake wa kisomi juu yake.

Wimbo wenyewe mtu anausemesha moyo wake, "ewe moyo mwendawazimu, nisikilize". *Sire* maana yake penda. Sikilizeni anavyouamrisha:

*haya sire, adab sire...*
*gir sire, ghalam sire, davtar sire.*

Niliyaandika mwaka 1984 nikidhani ananitania. Haya, adabu, kalamu, daftari! *Gir* tu ndilo lao, maana yake herufi, maandishi. Mengine yamesafiri kwa Waarabu na Waajemi, moja likapanda milima, jingine likashuka pwani.

Mwalimu hatajwi. Lakini haya, adabu, kalamu na daftari vikikaa meza moja, nani amekaa upande wa pili?

#37 Binti_Shela
Mzee, nimesisimka mwili. Maneno manne!

#38 Bakora_Sita
Falaka la tano. Msilisahau.

#39 Kijiko
Upande wa pili amekaa mpenzi wake. Sayat-Nova alikuwa mtu wa mapenzi. Ila hilo la daftari nimelipenda, sikatai.

#40 Mzaliwa_Wete
Mzee wa Kharkov, umenipa kadi yangu. Nimekaa na maneno yako usiku kucha, mimi si mtunzi lakini nimejaribu tarbia, mizani 16, na mpanzi nimemchomeka makusudi kumuudhi Kijiko:

*Haya penda moyo wangu, na adabu uipende,*
*Kalamu iwe mwenzangu, daftari lisinishinde,*
*Hukuchoka nami tangu, alifu hadi niende,*
*Leo herufi ni zangu, sasa nami nizipande.*

#41 Kijiko
Umeniudhi.

#42 MwlMstaafu
Saba kwa kumi. Kina cha kati kimekaa, cha mwisho kimekaa. "Tangu" umeilazimisha ila inapita. Shida ni mshororo wa pili. Da-f-ta-ri ni mizani nne, kipande chako kimekuwa na tisa.

#43 Binti_Shela
Mwalimu, daf-ta-ri ni tatu. Huku kwetu f hiyo haisimami peke yake.

#44 MwlMstaafu
Konsonanti iliyofunga silabi inahesabiwa. Nimesahihisha hivyo miaka 34.

#45 Binti_Shela
Na waliotunga kabla ya hiyo miaka 34 walihesabu kwa sikio. Imba, usihesabu vidole.

#46 Mzee_wa_Kharkov
Sayat-Nova angesema *davtar*, mbili. Mchukueni yeye awe mwamuzi.

#47 Mzaliwa_Wete
Jamani mwalimu wangu ni wa darasa la pili, atahesabu herufi siyo mizani. Naiacha hivyo. Jamaa naye ameomba nimwandikie kwa herufi zetu akaibandike kaunta, chini ya bei za betri.

#48 Dodoma_Kwetu
Uzi mtamu, nimesoma mwanzo na mwisho. Kosa dogo tu: mmesema herufi 36, lakini nimeona picha za mawe makubwa ya herufi zao mlimani, ziko 39. Nani kahesabu vibaya?

#49 Bakora_Sita
Naenda kuleta falaka.

#50 Kitabu_Chakavu
Hakuna aliyehesabu vibaya. Yale mawe ya karibu na Artashavan, chini ya mlima Aragats, yaliwekwa 2005 kuadhimisha miaka 1600 ya alfabeti. 36 za Mashtots, mbili za Zama za Kati, na moja ni ile alama ya "na", *yev*, iliyopandishwa cheo kuwa herufi enzi za Wasovieti. Rudi #3 uanzie pale.